Utenzi Unaojibiwa na Maji

4 Juni

Mdogo wangu Kasuku,

Salamu zetu kwako ni nyingi. Zingekuwa mizigo, ningetafuta wapagazi. Sisi tupo, Mungu anatutunza. Shemeji yako mgongo unamsumbua tangu alipobeba pampu ya nyumba ya wageni peke yake, akitaka vijana wamwone bado ana nguvu. Walimwona, na sasa wanamwona amelala. Mpwa wako amemaliza mafunzo ya ushonaji, akanishonea gauni ambalo mkono mmoja ni mrefu kuliko mwenzake. Nalivaa hivyo hivyo kanisani, ule mrefu naukunja.

Kazi yangu ni ile ile. Wageni wanazidi kuja kutazama maporomoko, mashuka yanazidi kuchafuka, na manyunyu hayaniachi nikaushe. Juzi upepo uligeuka ukaleta mvuke wote upande wa kamba zangu, nikaanua mashuka yameloa kuliko nilivyoyaanika. Mgeni mmoja akaniambia nina bahati kuishi mahali pazuri namna hii. Nikakubali, nikamwomba anishikie ncha ya shuka tukamue.

Tumefurahi kusikia wamekutoa kwenye mashine za kuchapa vitabu wakakupa meza ya kusahihisha maandishi. Nimekutolea shukrani kanisani, mbele ya watu. Sasa utakaa kitini kama bwana.

Neno lenyewe ni hili. Mama anasema mwaka huu maji yatapungua mpaka lile jiwe la chini litoke nje. Unalijua jiwe. Ndipo bibi alipompa utenzi wa maporomoko, na ndipo yeye anapotaka kukupa wewe. Najua utasema umeshamwona akiusema. Wote tulimwona, tumesimama chini kule tumelowa kama vifaranga, tunatazama midomo yake na mikono yake, maana kwa ngurumo ile hata angepiga ukunga tusingesikia. Lakini kuuona si kupewa. Anayepewa husimama naye jiweni, wawili tu. Yeye anasema, ananyamaza pale maji yanapojibu, na akishamaliza hausemi tena maisha yake yote. Kazi inakuwa ya mwingine.

Anakutaka wewe. Anasema hukupewa jina la Kasuku bure, kila ulichoambiwa ulikirudisha vile vile. Basi njoo Agosti, au Septemba mapema, kabla ya mvua. Muda umepita bila kuuona uso wako.

Ni mimi dada yako, mwenye vidole vilivyokunjamana kwa maji.


27 Juni

Dada yangu mpendwa,

Barua yako imefika na harufu ya sabuni, nikajua ni yako kabla sijatazama mwandiko. Mimi ni mzima. Chumba ni kile kile, juu ya duka la viatu. Mwenye nyumba amepaka mbao za ngazi rangi ya kijani na rangi imekataa kukauka, kwa hiyo wapangaji wote tuna viganja vya kijani na tunatambuana mjini. Mpe shemeji pole, umwambie pampu haina haya, haijali nani anatazama. Na gauni la mpwa wangu usilicheke. Fundi mwenye jina kubwa hapa mtaani alinishonea suruali yenye mfuko mmoja, akasema ndiyo mtindo.

Nina habari itakayomfurahisha Mama. Kitabu kilicho mezani kwangu sasa ni cha maporomoko yetu: historia yake, na kila kilichoandikwa juu yake tangu wageni walipoanza kuja. Nasoma nacheka peke yangu. Yupo msafiri aliyefika ana homa, amebebwa kwenye machela, akaandika kwamba ameyagundua. Waliombeba hakuwauliza njia wameijuaje. Yupo mchoraji aliyeyachora na minazi pande zote mbili. Yupo mhandisi aliyehuzunika kuona nguvu nyingi namna ile zinapotea bure, na sura yake kitabuni ndiyo ndefu kupita zote. Mshairi mmoja anasema maji yananguruma kama simba elfu moja. Mhariri wetu amenidokezea kwamba huyo hakufika, aliyaona kwenye kalenda.

Wote wametazama, Dada. Hakuna hata mmoja aliyefua nguo pale. Nikamweleza mhariri juu ya utenzi wa Mama, naye tangu siku hiyo haniachi. Anautaka uwe mwisho wa kitabu.

Kuhusu kuja, kazi imenibana sana. Naomba hivi: Mama akae nawe mezani, auseme polepole, wewe uandike unitumie kwa posta. Itakuwa kama nimekuja. Na simu msinipigie ofisini, kuna kelele.

Ndugu yako, Kasuku.


19 Julai

Mdogo wangu,

Amani ya Mungu ikukute umeshanawa hiyo rangi. Hapa tunaendelea. Shemeji yako ameinuka, anatembea kama mtu aliyemeza ufagio. Mpwa wako amepata mteja wa kwanza, mke wa mchungaji, na nimemsihi apime mikono yote miwili.

Mama nilimsomea habari za kitabu chako. Kwa yule wa simba elfu moja, aliweka kikombe chini akauliza kama huyo bwana amewahi kukaa na simba mmoja. Wa machela anamjua. Anasema bibi yake alikuwa akisimulia juu ya mgonjwa aliyeletwa amelala, akatapika kando ya kisima, ikabidi watu wachimbe kingine. Mwambie mhariri aiongeze hiyo kwenye historia.

Sasa nitasema kweli, maana kinyongo kikilala kinaota mizizi. Nimeumia. Nilikwenda mapokezi nikaazima simu, nikapiga ofisini kwenu ingawa ulinikataza. Akapokea karani. Akasema upo, hatua chache kutoka kwake, umeinamia karatasi. Nikamsikia akikuita. Akakuita tena, na tena. Kisha akarudi kwenye simu, sauti imebadilika, akasema una kazi. Ndugu yangu, ni kazi gani hiyo ya kumfanya mtu asigeuke akiambiwa dada yake yuko kwenye simu? Nilirudi kwa mashuka yangu nikayapiga mpaka mpwa wako akauliza yamenikosea nini.

Lakini hasira za ndugu ni moshi wa kuni mbichi, unatoa machozi kisha chakula kinaiva. Mama amekubali. Alisema, "Aandike. Kuandika si kupewa." Basi tunakaa jikoni baada ya chai ya jioni, yeye anasema, mimi naandika. Bila maji anapata shida. Anasema ni kama kuongea na mtu aliyetoka chumbani. Pale maji yanapojibu nimeacha nafasi ya ubeti mzima, kama hapa mwanzo:

Maji mwatokea wapi,
na njia mwapita ipi,
ni ndefu ama ni fupi,
nijibuni nisikie.

Kisha nafasi. Na kuendelea hivyo mpaka mwisho. Karatasi zote zimo. Jiwe limeanza kuonyesha kichwa.

Dada yako anayekupenda hata ukimpa kisogo.


12 Agosti

Dada yangu,

Nimepokea bahasha salama. Naomba radhi kwa lile la simu. Ipo sababu, nayo si kazi. Usiniulize kwanza.

Utenzi niliusoma nimesimama dirishani, sikumbuki hata kama nilivua koti. Mhariri naye akausoma, akaniuliza kama kuna beti zimepotea njiani. Nikamweleza kwamba pale yanajibu maji yenyewe. Akasema sawa, tutaacha karatasi nyeupe, na msomaji atakayelalamika tutampeleka akasikilize mwenyewe.

Kisha nikausoma tena peke yangu nyumbani.

Dada, katika utenzi wako maji yanasema sana. Nijuavyo mimi, Mama hufunga mdomo pale tu anapouliza. Anauliza, maji yanajibu. Humu naona nafasi mahali pasipo na swali. Baada ya ubeti wa mpanda mlima zipo mbili zimefuatana. Wa mwenye mtungi siuoni kabisa. Labda uliruka kwa uchovu, mikono yako inafua kutwa. Au kuna jambo.

Mama hajambo? Nijibu hili peke yake, mengine yatasubiri.

Kasuku.


2 Septemba

Kasuku wangu,

Leo salamu nazifupisha, Mungu anisamehe.

Kimwili Mama ni mzima. Anakula, anacheka, anamsimanga shemeji yako kwa mwendo wake. Lakini anasahau, mdogo wangu. Ilianza na vitu vidogo, ufunguo, jina la jirani, nikasema ni umri. Kisha Jumanne moja akavaa sare ya kwaya, akaenda kanisani, akakaa mlangoni akiwangoja wenzake. Mfagiaji wa kanisa, Mungu ambariki, hakumwambia kitu. Aliweka ufagio chini wakaimba wawili, mpaka nilipopita na beseni langu nikawakuta. Siku nyingine anamwita mpwa wako kwa jina langu, na mtoto wa watu anaitika, sasa anakemewa makosa niliyoyafanya mimi nikiwa na miaka kumi.

Mama mwenyewe anajua. Ndiyo maana anaharakisha. Na ni yeye aliyenikataza kukueleza. Alisema, "Usimtishe mtoto. Aje kwa kupenda, asije kwa kuogopa."

Zile nafasi ni kama ulivyoona. Nyingine ni za maji, nyingine ni zake. Alipofika kwa mwenye mtungi alisimama, akaangalia kikombe chake muda mrefu, kisha akasema, hapa maji yanajibu. Mimi najua hayajibu hapo. Nikaacha nafasi kama zile nyingine. Ningefanyaje? Nichore msalaba niseme hapa mama yangu amesahau? Nilidhani utapita bila kuona. Nilisahau nilikuwa namtumia nani.

Jiwe limetoka nje lote, nimelikanyaga kwa miguu yangu. Njoo. Hiyo sababu yako itie mfukoni uje nayo. Kama ni mwanamke, tutampokea. Kama umekosana na serikali, tutaomba. Kama umebadili dini, tutaomba zaidi. Lakini njoo, maana kila juma utenzi unapungua, na atakayepewa akichelewa atapewa maji matupu.

Dada yako.


20 Septemba

Dada,

Si mwanamke, si serikali, na dini ni ile ile.

Sisikii.

Nimeliandika neno hilo kwenye karatasi nyingi kabla ya hii. Ni mashine, Dada. Miaka yote ile ya kusimama katikati yake. Walianza kuondoka ndege, kisha sauti za watoto, kisha nikawa nawaomba wenzangu warudie, kisha nikaacha kuomba kwa aibu nikawa nacheka wanapocheka wengine. Siku moja mashine ilikwama, nikatia mkono kuitoa karatasi. Mwenzangu akanipigia kelele kwamba inaanza kuzunguka. Sikutoa mkono mpaka aliponivuta shati likachanika. Kesho yake wakanipa meza. Haikuwa cheo. Ulinitolea shukrani kanisani bure, na mimi nikakuacha utoe.

Daktari alisema kilichokwenda hakirudi. Nilijaribu kifaa cha sikioni, kinaniletea mchakacho tu kama mtu anayekunjakunja karatasi. Karani wetu ni mtu mwema. Siku ile hakukudanganya kwa ubaya, alikuwa ananisitiri.

Sasa unaelewa. Mama anatafuta mtu wa kumpa maneno. Anipe mimi niyaweke wapi? Na lipo jambo jingine ambalo sijamwambia yeyote. Sauti yake ya kwaya bado ninayo kichwani, ile ya kupanda juu wakati wengine wamechoka. Nikija, nikamwona anafungua mdomo na hakuna kinachotoka, naogopa nitaipoteza na hiyo. Bora nikae huku mbali, nayo ibaki nzima.

Mama usimwambie. Nakutumia beti zilizokosekana, nilizoweza kuzikumbuka. Ule wa mwenye mtungi nadhani ni hivi:

Mama kaja na mtungi,
hajabeba vitu vingi,
ila huzuni ni nyingi,
ujazeni ajinywie.

Kwaheri, Dada. Msiache kuniandikia.

Kasuku.


14 Oktoba

Mdogo wangu, kipenzi cha mama yake,

Salamu za leo zimelowa. Barua yako niliisoma nyuma ya kamba za mashuka, shemeji yako akanikuta nimejifunika moja, akadhani nimepatwa na homa. Nimelia nikamaliza. Kisha nikamkasirikia Mungu kidogo, nikatubu jioni. Yeye ananijua.

Uliniomba nisimwambie Mama. Nimemwambia. Unaweza kuninunia ukishafika.

Nilianza na beti zako. Nikamsomea, naye akawa anatikisa kichwa, anatabasamu, kama mtu anayeona nguo zake za zamani zikitolewa sandukuni. Nilipofika kwenye mtungi akapiga meza. Akauliza nani kaweka huzuni humo. Huzuni haijazwi mtungini. Ni kiu. Akausema mwenyewe, bila kukwama:

Mama kaja na mtungi,
hajabeba vitu vingi,
ila kiu siku nyingi,
ujazeni ajinywie.

Akakaa amefurahi, akaniagiza nikwambie kwamba kasuku naye hukosea. Ndipo nikamweleza habari ya masikio. Nilijiandaa kumshika. Hakulia. Alikunja leso yake, akaikunjua, akauliza ni muda gani sasa, na nani anakupikia. Kisha akasema, "Kwani mimi niliusikia lini? Mama yangu alinipa pale jiweni. Nani anasikia jiweni?"

Mdogo wangu, nimefua nguo kando ya maji yale tangu nikiwa binti na sikuwahi kuliwaza hilo. Sauti ya bibi ikisema utenzi hakuna aliyeisikia. Ya Mama pia, mpaka ulipomtaka akae jikoni. Wewe beti zote hizo ulizonitumia ulizitoa wapi? Ulizichukua mdomoni mwake, kwa macho, ukiwa umelowa pembeni yangu. Sisi tuliozaliwa hapa tunasengenyana ng'ambo hii na ng'ambo ile bila kutoa sauti, na hatukosi neno. Halafu wewe unaniambia huna pa kuyaweka.

Na sauti yake ya kwaya, sitakudanganya kwamba haitapotea. Nimeliweka kwenye maombi na limekaa huko.

Habari mbaya ni kwamba mvua imetangulia. Imenyesha juu milimani juma zima, na juzi asubuhi jiwe halikuwepo. Nilimpeleka Mama akaangalie. Alitazama sana, akasema maji ni ya Mungu, hayapangiwi. Nikadhani ameghairi. Tulipokuwa tunarudi akasema atasimama kwenye ukuta wa mawe, pale wageni wanapopigia picha, ngurumo ya pale inatosha. Nikamkumbusha kwamba bibi hakufanya hivyo. Akanijibu kwamba bibi hakuwa na mtoto aliyekaa mbali tena mwenye woga.

Basi huna jiwe la kuchelewea tena. Njoo siku yoyote. Nyumbani tumeanza mazoezi: mezani haruhusiwi mtu kutoa sauti. Jana shemeji yako aliomba chumvi, akapewa sukari, akala kwa hasira.

Dada yako.


29 Oktoba

Dada yangu,

Nimekukasirikia siku moja nzima, kisha nikaenda kukata tiketi.

Mhariri nimemwambia kurasa za mwisho aziweke pembeni. Akaniandikia kwenye kipande cha karatasi, ndivyo tunavyoongea siku hizi, akauliza kama nikirudi nitakuwa nimeukamilisha utenzi. Nikamjibu kwamba nikirudi utakuwa wangu, na hapo ndipo nitajua kama ni wa kuchapwa. Hakupenda. Lakini alinishika mkono kwa nguvu, na ameongeza habari ya kisima kwenye historia, kwa maneno ya heshima.

Woga bado ninao. Nimejaribu mbele ya kioo kuusema ule ubeti wa mtungi, nikajitazama midomo, na palipo kiu bado naweka huzuni. Mama atanirekebisha. Kama siku hiyo atakuwa amesahau yeye, nitamsemea mimi taratibu, atazame kwangu, tuvuke pamoja. Na kama tutasahau wote wawili, basi tutanyamaza, maji yatajua la kusema.

Basi linafika Jumamosi mchana. Pale kituoni watu huwa wengi, wapokeaji na wabeba mizigo, na kila mtu anaita mtu wake. Wewe usiniite, Dada. Simama mahali nitakapokuona, na Mama awe mbele yako.

Ndugu yako.